Jinsi ya Kusoma Vitabu vya Malkia wa Ufaransa na Makadinali Wao: Mwongozo Kamili

Wengi wetu tumewajua malkia wa Ufaransa kupitia filamu au riwaya: kadinali mwenye joho jekundu anapanga njama gizani, malkia analia dirishani. Kisha mtu anafungua kitabu cha historia, anakuta malkia halii hata kidogo, kadinali ni mtu wa kuumwa kichwa mara kwa mara anayeishi kwa hofu ya kufukuzwa kazi na mfalme, na kila ukurasa una Louis mwingine. Hafiki sura ya tatu.

Mwongozo huu ni wa msomaji huyo. Hauhitaji shahada ya historia. Unahitaji daftari, subira kidogo, na kukumbuka jambo moja tangu mwanzo: malkia hawa na viongozi wa Kanisa waliowazunguka wamesimuliwa, kwa sehemu kubwa, na watu waliowachukia. Ukijua nani alimchukia nani na kwa nini, vitabu vinaanza kufunguka.

Hatua ya 1: Anza na 1610 hadi 1661, usianze na karne zote

Kosa la kawaida ni kununua kitabu kinachoahidi malkia wote wa Ufaransa kutoka Clotilde hadi Marie Antoinette. Utapata kurasa nne kwa kila mmoja na hutamkumbuka hata mmoja. Chukua miaka 51 tu.

Tarehe 14 Mei 1610, Mfalme Henri IV aliuawa kwa kuchomwa kisu na François Ravaillac katikati ya Paris. Mwanawe, Louis XIII, alikuwa na miaka minane. Mjane, Marie de Médicis wa Florence, akashika ufalme kwa niaba ya mtoto. Akamwinua askofu mmoja kijana wa jimbo maskini la Luçon, aitwaye Richelieu. Mwaka 1643 mambo yakajirudia: Louis XIII akafariki, mwanawe Louis XIV hajatimiza hata miaka mitano, mjane Anne d'Autriche akawa kaimu mtawala, na pembeni yake akasimama Mwitaliano, Kadinali Mazarin, hadi kifo chake Machi 1661.

Malkia wawili, makadinali wawili, watoto wawili wa kifalme. Kipindi kinashikika, na vitabu vyake ni vingi.

Kabla ya kusoma chochote chora nasaba kwenye karatasi moja na uibandike ndani ya jalada. Andika kwa herufi kubwa kwamba Anne d'Autriche alizaliwa Valladolid, Hispania, mwaka 1601; "Autriche" (Austria) ni ukoo wake wa kifalme wa Habsburg, siyo nchi aliyokulia. Andika pia kwamba Catherine de Médicis na Marie de Médicis ni watu wawili. Catherine alifariki Januari 1589. Marie aliingia Ufaransa mwaka 1600. Hata waandishi wa magazeti huwachanganya.

Hatua ya 2: Jua kwa nini malkia alimhitaji mtu wa Kanisa

Usiruke hatua hii ili uwahi hadithi. Bila hiyo, kila kitu kitaonekana ni mapenzi ya siri.

Ufaransa mwanamke hakurithi kiti cha enzi. Lakini mama wa mfalme mdogo angeweza kutawala kwa niaba yake, na hapo ndipo palipokuwa na uwezo halisi. Tatizo lake lilikuwa la wasaidizi. Ndugu wa mfalme walikitamani kiti. Makabaila wakubwa walikuwa na majeshi, ngome na wana wa kurithishwa. Yeye mwenyewe alikuwa mgeni, ameletwa kwa ndoa ya kisiasa, lafudhi yake bado inasikika.

Askofu au kadinali alikuwa tofauti. Hakuwa na mtoto halali wa kumwachia cheo. Alikuwa amesoma. Alijua njia za Roma. Na tangu Mapatano ya Bologna ya mwaka 1516, kati ya François I na Papa Leo X, mfalme wa Ufaransa ndiye aliyewateua maaskofu na wakuu wa abasia (monasteri kubwa) nyingi, Papa akathibitisha. Maana yake ni kwamba mtu wa Kanisa angeweza kulipwa kwa mapato ya abasia bila hazina kutoa senti. Mazarin alirundika abasia, Cluny na Saint-Denis zikiwamo, na alipokufa aliacha mali inayokadiriwa livre (fedha ya Ufaransa ya wakati ule) milioni 35, utajiri mkubwa kuliko wa mtu yeyote binafsi aliyejulikana Ufaransa kabla ya Mapinduzi.

Hapa msomaji wa Afrika Mashariki anahitaji tahadhari yake mwenyewe. Kwetu neno kadinali linaleta picha ya mtu kama Laurean Rugambwa wa Bukoba, padri aliyepanda hadi askofu, kisha mwaka 1960 akawa kadinali wa kwanza Mwafrika wa zama hizi. Mazarin hakuwahi kupewa daraja la upadri. Alikuwa mwanadiplomasia wa Papa aliyevishwa kofia nyekundu mwaka 1641 kwa maombi ya mfalme wa Ufaransa. Ukimsoma ukitafuta mchungaji wa roho utamhukumu kwa kesi isiyo yake. Richelieu, kwa upande mwingine, alikuwa askofu kweli, aliwekwa wakfu mwaka 1607, akakaa Luçon, akaandika hata katekisimu.

Hatua ya 3: Soma riwaya kwanza, lakini na kalamu mkononi

Wapo wanaosema riwaya zinaharibu historia. Sikubaliani nao. Ubongo hushika nyuso kabla ya tarehe, na riwaya ya Alexandre Dumas, *Les Trois Mousquetaires* ya mwaka 1844, inakupa nyuso zote: Louis XIII mwenye kinyongo, Anne mwenye hofu, Richelieu mwenye majasusi kila kona. Muendelezo wake, *Vingt ans après*, unaanza 1648 na unakupa Mazarin, bahili na mwoga, kama maadui zake walivyotaka aonekane.

Gawa ukurasa wa daftari pande tatu: yaliyotokea, yaliyogeuzwa, yaliyobuniwa. Mfano wa kuanzia:

Yaliyotokea: kuzingirwa kwa La Rochelle, mji wa Waprotestanti, 1627 hadi 1628; kuuawa kwa Buckingham, duke wa Uingereza, mjini Portsmouth, Agosti 1628, kwa mkono wa John Felton; na ziara ya Buckingham Ufaransa mwaka 1625, alipomkaribia malkia kupita kiasi katika bustani ya Amiens.

Yaliyogeuzwa: vito vya almasi ambavyo malkia anampa Buckingham. Dumas hakuvitoa kichwani. Kisa kimo katika kumbukumbu za La Rochefoucauld, aliyekuwa upande wa Anne na hakumpenda Richelieu. Kwa hiyo ni uvumi wa wakati ule, uliopambwa miaka mia mbili baadaye.

Yaliyobuniwa: kwamba siasa yote ya Richelieu ilitokana na wivu wa mwanamume aliyekataliwa na malkia.

Kitu ambacho riwaya haikupi ni jambo kubwa zaidi kuliko vile vito. Mwaka 1637, Ufaransa ikiwa vitani na Hispania tangu 1635, iligundulika kuwa Anne alikuwa akiandikiana kwa siri na ndugu zake upande wa adui, na barua nyingine alikuwa akiziandikia katika monasteri ya Val-de-Grâce. Mtumishi wake, La Porte, akafungwa katika gereza la Bastille. Malkia alikana kwanza, kisha akakiri mbele ya Richelieu na kutia saini ahadi ya kutorudia. Mwaka uliofuata, Septemba 1638, baada ya miaka 23 ya ndoa, akamzaa Louis XIV. Tafuta wasifu unaoeleza vizuri miezi hiyo. Hapo ndipo mwanamke aliyekuwa mshukiwa alipogeuka kuwa mama wa mrithi.

Hatua ya 4: Chagua wasifu kwa vipimo, siyo kwa jalada

Vitabu vya malkia huuzwa kwa picha ya gauni. Puuza gauni. Fungua nyuma kwanza: kuna tanbihi? Kuna faharasa? Je, mwandishi anataja barua na nyaraka, au anataja wasifu wa wenzake tu? Kwa Anne, kazi ya Ruth Kleinman ya mwaka 1985 inapita kipimo hicho. Kwa Richelieu, ile ya R. J. Knecht ya 1991 ni fupi na safi, na kwa Mazarin ipo ya Geoffrey Treasure ya 1995. Za zamani zaidi nazo zina faida yake, ila nyingi humchukulia malkia kama hali ya hewa: leo amekasirika, kesho ametulia, sababu haielezwi.

Kisha fanya jaribio moja. Nenda moja kwa moja kwenye sura ya Novemba 1630, tukio linaloitwa Siku ya Waliodanganyika, uone mwandishi analishughulikiaje.

Kisa chenyewe ni hiki. Marie de Médicis ndiye aliyempandisha Richelieu. Alimwingiza barazani mwaka 1616. Mwaka 1617 mwanawe aliamuru Concini, kipenzi cha mama huyo, auawe, na kumfungia mama yake Blois. Februari 1619 Marie akatoroka usiku kwa kushuka dirishani kwa ngazi, na Richelieu ndiye aliyetumwa kupatanisha. Malipo ya Richelieu yakawa kofia ya kadinali mwaka 1622 na kurudi barazani mwaka 1624. Lakini mara baada ya hapo akaanza kumtumikia mfalme, siyo mama wa mfalme, na siasa yake ya kupambana na Hispania ilimchukiza Marie na kundi la Wakatoliki wenye bidii lililomzunguka. Mkuu wa kundi hilo barazani alikuwa Michel de Marillac, mtunza mihuri.

Basi siku ile, katika kasri la Luxembourg, Marie alijifungia na mwanawe kumtaka amfukuze kadinali. Milango ilikomewa. Richelieu akaingia kwa mlango mdogo wa upande wa kanisa la kasri, ambao haukufungwa. Marie akamporomoshea matusi mbele ya mfalme. Kadinali akapiga magoti, akalia. Mfalme akatoka bila kusema neno la kumtetea. Watumishi wa kasri wakaamini Richelieu amekwisha, wakajazana kwa Marie kumpongeza. Usiku Louis akiwa Versailles, wakati huo nyumba ya kuwindia tu, alimwita Richelieu na kumwambia abaki. Marillac akakamatwa. Marie alikimbilia Brussels mwaka 1631, hakuiona tena Paris, akafia Cologne Julai 1642, miezi mitano tu kabla ya Richelieu.

Sasa jaribio. Hakuna aliyekuwa na karatasi akiandika ndani ya chumba kile. Wanahistoria wanabishana hata kama ilikuwa tarehe 10 au 11, au mambo yaligawanyika siku mbili. Kwa hiyo mwandishi anayekuletea mazungumzo kamili, sentensi kwa sentensi, bila kusema kayatoa wapi, msome kwa burudani tu. Anayesema "fulani anadai hivi, mwingine vile", huyo nunua.

Hatua ya 5: Wasome waliokuwepo, na muulize kila mmoja maswali matatu

Baada ya wasifu mmoja mzuri uko tayari kwa kumbukumbu za wenyewe. Muulize kila mwandishi: ulikuwa wapi siku hiyo? Uliandika lini? Ulitaka nini ukakosa?

Madame de Motteville alikuwa chumbani mwa Anne kuanzia 1643 hadi malkia alipofariki Januari 1666. Utotoni aliondolewa kasrini kwa amri ya Richelieu, na Mazarin hakumpa alichotarajia. Anampenda malkia kwa dhati. Kwa maisha ya ndani, maradhi, sala na hasira, hakuna wa kumpita. Kwa hesabu za Mazarin, mpunguzie imani.

Kadinali de Retz ndiye mtamu kuliko wote na mwongo mwenye kipaji. Alikuwa msaidizi wa askofu mkuu wa Paris, akachochea uasi wa Fronde dhidi ya Mazarin, akapata ukadinali mwaka 1652, akakamatwa mwaka huohuo, akatoroka ngome ya Nantes mwaka 1654. Kumbukumbu zake aliziandika uzeeni, miaka ya 1670, akiwa ameshindwa. Soma picha zake za watu, usisome tarehe zake. Ningesema pia zinastahili kusomwa kwa sauti, ila huo ni ushauri wa starehe.

Richelieu mwenyewe ameacha kumbukumbu ambazo ziliunganishwa na makatibu wake, pamoja na wosia wa kisiasa uliochapishwa Amsterdam mwaka 1688, ambao Voltaire alikataa katakata kuwa ni wake. Wataalamu wa leo wengi wanaukubali kuwa unatoka kwake au mezani kwake.

Maswali haya matatu yatakusaidia hasa kwenye lile swali ambalo kila msomaji huuliza: je, Anne na Mazarin walioana kwa siri? Barua zao zipo, zina alama za mafumbo badala ya majina, na mapenzi ndani yake hayahitaji mkalimani. Cheti hakipo. Shahidi anayenukuliwa sana ni Elisabeth Charlotte, binti wa mtawala wa Palatinate, aliyeandika kwamba ndoa ilifungwa. Muulize alikuwa wapi: aliwasili Ufaransa mwaka 1671, miaka kumi baada ya kifo cha Mazarin na mitano baada ya kifo cha Anne.

Hatua ya 6: Onja matusi

Kati ya 1648 na 1653, wakati wa Fronde, wachapishaji wa Paris walimwaga vijitabu vya kumkashifu Mazarin, takriban 5,000, vinavyoitwa mazarinades. Vingi ni kurasa nane, mashairi ya kejeli, na malkia anatajwa humo kwa lugha ambayo sitaiandika hapa. Soma vitatu au vinne vinatosha. Utakachogundua ni kwamba madai mengi yanayorudiwa leo kama historia yalianzia hapo: kadinali mwizi, malkia aliyerogwa kwa mapenzi, fedha za nchi zinazovushwa kwenda Italia.

Zingatia kilichofuata. Desemba 1651 mahakama kuu ya Paris, iitwayo Parlement (siyo bunge, ni majaji), iliweka zawadi ya livre 150,000 kwa atakayemleta Mazarin, hai au maiti, na fedha hizo zitoke kwenye mauzo ya maktaba yake. Ilikuwa na vitabu kama 40,000, imekusanywa na mkutubi Gabriel Naudé, na wasomi waliruhusiwa kuingia bure. Ikauzwa. Baadaye vingi vilirudishwa, na Bibliothèque Mazarine bado ipo Paris, inapokea wasomaji. Mtu anayeitwa mwizi katika vijitabu elfu tano ndiye aliyewafungulia Wafaransa maktaba yao ya kwanza ya umma. Na alikuwa mwizi kweli. Weka yote mawili katika daftari.

Hatua ya 7: Pata vitabu bila kufilisika

Vya zamani ni bure mtandaoni. Dumas yupo Project Gutenberg kwa Kifaransa na Kiingereza, na Retz yupo kwa Kiingereza. Internet Archive ina tafsiri za kale za Motteville. Kwa wasomaji wa Goma, Lubumbashi, Bujumbura na Kigali waliosoma kwa Kifaransa, Gallica, maktaba ya kidijitali ya Bibliothèque nationale de France, ni hazina ambayo wenzao wa Dar es Salaam na Nairobi wataionea wivu.

Kama bando ni dogo, pakua faili la EPUB au maandishi matupu, usipakue picha za kurasa. Tofauti ni kubwa mno. Kama unasoma kwa Kifaransa, epuka matoleo ya karne ya 17 yenye herufi ya *s* ndefu inayofanana na *f*. Tafuta matoleo ya karne ya 19, hasa mkusanyo wa Petitot au wa Michaud na Poujoulat: tahajia imesawazishwa na kuna maelezo chini ya ukurasa.

Kuhusu fedha, shika hesabu hii: écu moja ni livre 3, pistole moja ni livre 10. Usijaribu kubadili kuwa shilingi. Linganisha kiasi na kiasi ndani ya kitabu hichohicho.

Hatua ya 8: Sasa rudi nyuma, au nenda mbele

Ukirudi nyuma, nenda kwa Catherine de Médicis na Charles, Kadinali de Lorraine, askofu mkuu wa Reims na ndugu wa François, duke wa Guise. Hawa hawakuwa marafiki. Walihitajiana na kuogopana. Kipimo cha kitabu hapa ni mauaji ya Waprotestanti wa Paris yaitwayo ya Siku ya Mtakatifu Bartholomayo, Agosti 1572. Mwandishi anayemweka kadinali huyo Paris usiku ule akipanga mauaji hajafanya kazi yake, kwa sababu alikuwa Roma. Kuhusu Catherine, angalia kama mwandishi ametumia barua zake, zilizochapishwa katika majuzuu makubwa kuanzia 1880, au anarudia kashfa zilizoanza kuchapishwa mwaka 1575 naye akiwa hai.

Ukienda mbele, nenda kwa Marie Antoinette na Kadinali Louis de Rohan, kisa cha mkufu wa almasi wenye bei ya livre 1,600,000. Uhusiano umegeuka kabisa. Rohan alikuwa msambaza sadaka mkuu wa mfalme, wa ukoo mkubwa, lakini malkia hakutaka hata kumsemesha. Tangu alipokuwa balozi Vienna, mama yake malkia alikuwa akimlalamikia. Tapeli Jeanne de la Motte alimshawishi Rohan kwamba malkia anataka mkufu kwa siri, akampa hati yenye saini iliyodaiwa kuwa ya malkia. Tarehe 15 Agosti 1785 Rohan akakamatwa Versailles akiwa na mavazi ya ibada.

Anza na ile saini, halafu ndiyo ufike kwenye mkufu. Hati ilisema "Marie-Antoinette de France". Malkia wa Ufaransa walitia saini kwa majina ya ubatizo peke yake, na mtu wa cheo cha Rohan alipaswa kulijua hilo bila kuambiwa. Tafuta mwandishi wako anaelezaje kwamba hakushtuka. Kisha soma hukumu ya Mei 31, 1786, iliyomwachilia huru, pamoja na kumbukumbu za Madame Campan, mhudumu wa chumba cha malkia, zilizochapishwa 1822 wakati ndugu wa Louis XVI amerudi kwenye kiti cha enzi. Maswali ni yaleyale matatu. Kwake, la tatu ndilo lenye uzito zaidi.